Hong Kong ni China, mbona viza ni mbali mbali?

SWALI: Mhariri, nafanya biashara Kikuubo, Kampala. Hong Kong ilirudi China mwaka 1997. Mbona nikitoka Guangzhou kwenda huko napigwa muhuri wa kutoka nchini?

JIBU: Kilichorudi ni mamlaka, mpaka ulibaki. Mkataba wa Uingereza na China wa 1984 uliahidi kwamba mfumo wa Hong Kong hautaguswa kwa miaka 50, yaani hadi 2047. Ndiyo maana uhamiaji, forodha na sarafu ni vyake. Hapo wengi hukwama: viza ya China ya kuingia mara moja huishia pale unapovuka, na mzigo umeuacha Guangzhou! Omba ya kuingia mara mbili ukiwa bado Kampala, na masharti ya Hong Kong uyaulizie kivyake. Kwa treni ya kasi, kaguzi zote mbili, wa China na wa Hong Kong, hufanyika humo humo kituoni West Kowloon, upande wa Hong Kong.

Kisiasa, pengo limepungua mno tangu sheria ya usalama wa taifa ya 2020. Lugha haijafuata kwa kasi hiyo: mitaani bado ni Kikantoni, na mabango yameandikwa kwa herufi za zamani zenye mikato mingi. Yuan si kila duka hupokea. Beba dola za Hong Kong.