Kujitetea katika kesi ya deni la biashara wakati hati za mauzo zinabishaniwa

Ndugu uliyeuliza, umeeleza kwamba msambazaji wako amekufungulia kesi ya madai akitegemea ankara kadhaa, kwamba baadhi yake unazitambua na nyingine huzitambui, na kwamba umeshauriwa ukane deni lote kwa jumla. Nilipitia kesi ya namna hiyo upande wa mdaiwa, nikiwa msimamizi wa hesabu wa kampuni ya vifaa vya ujenzi, na nakusihi usiufuate ushauri huo. Katika mahakama nyingi, dai ambalo halikukanushwa mahsusi huhesabiwa kuwa limekubaliwa, na utetezi usio na maelezo humpa mdai nafasi ya kuomba hukumu ya mapema bila mashahidi kusikilizwa. Zingatia pia tarehe ya mwisho ya kuwasilisha utetezi iliyomo kwenye wito, kwa sababu ikipita unaweza kuhukumiwa bila kusikilizwa, na kuitengua hukumu hiyo ni kazi kubwa.

Jibu kila hati peke yake. Kusema kwamba mzigo haukufika si sawa na kusema kwamba ulifika pungufu, na yote mawili ni tofauti na kudai kwamba saini imeghushiwa. Ukidai kughushi, wajibu wa kuthibitisha unahamia kwako: utatakiwa ueleze kinagaubaga ni nini kilichoghushiwa, na mahakama itataka ushahidi mzito kuliko ule wa madai ya kawaida. Ukisema tu kwamba hukupokea mzigo, mdai ndiye anayepaswa kuthibitisha kwamba aliuleta. Ankara huandikwa na muuzaji mwenyewe. Inaonyesha anachodai, haionyeshi ulichopokea. Kwa hiyo mabishano mengi huamuliwa na hati ya kupokelea mzigo, ile inayosainiwa na anayepokea.

Hapo ndipo ninapokuomba utie bidii zaidi. Katika kesi yetu tulikuwa tumepewa nakala kivuli tu, na hati moja ilisomeka kwamba tulipokea magunia 140 ya saruji, ilhali daftari letu la stoo lilionyesha 40. Wakili wetu aliandika rasmi kuomba tukague hati halisi, pamoja na kitabu kizima ilimotoka. Kwenye hati yenyewe, maandishi yote yalikuwa ya kaboni, yaani yaliyopenya kutoka karatasi ya juu, ya buluu iliyofifia, isipokuwa ile tarakimu 1 ya mbele, ambayo ilikuwa imeandikwa kwa wino wa kalamu moja kwa moja juu ya karatasi, ishara kwamba iliongezwa baadaye. Katika nakala kivuli tofauti hiyo haikuonekana hata kidogo. Shahidi wao alipoulizwa maswali ya dodoso, yaani maswali ya wakili wetu ya kupima ushahidi wake, kuhusu nani aliiongeza tarakimu hiyo na lini, hakuweza kujibu, na mahakama ilikubali idadi ya 40. Kagua vilevile namba za mfululizo za kitabu: hati ya mwezi wa tatu yenye namba inayofuata hati za mwezi wa sita inahitaji maelezo, na anayepaswa kuyatoa ni muuzaji.

Kuhusu saini ya mtu unayesema hakuwa na mamlaka, uwe mwangalifu. Ikiwa mlinzi wako amekuwa akisaini mizigo na wewe umekuwa ukilipa ankara za mizigo hiyo bila kulalamika, itakuwa vigumu kumkana siku moja ambapo deni limekuwa kubwa. Pitia malipo ya nyuma kabla hujaandika neno lolote juu ya jambo hilo, kwa kuwa upande wa pili utayapitia.

Mzigo pungufu una kanuni yake. Sheria ya Uuzaji wa Bidhaa ya Uingereza ya mwaka 1893, iliyotumika huko hadi sheria mpya ya 1979 na ambayo nchi nyingi ziliirithi, ilimpa mnunuzi haki ya kukataa mzigo uliopungua, lakini akiupokea atalipia alichopokea kwa bei ya mkataba. Vilevile, akikaa na bidhaa kwa muda wa kutosha bila kumjulisha muuzaji kwamba anazikataa, huhesabiwa kuwa amezikubali. Kwa hiyo tafuta ujumbe au barua yoyote uliyoandika wakati ule kulalamikia upungufu. Malalamiko yanayoibuka baada ya kushtakiwa hayana uzito huo.

Zile ankara unazozitambua, zikubali waziwazi kwenye utetezi na utaje kiasi chake. Hakimu anayeona kwamba umekiri unachodaiwa kweli husikiliza kwa makini unachokikana, na riba hukoma kuongezeka kwenye sehemu utakayoilipa. Lipa kupitia wakili, kwa barua inayotaja namba za ankara zinazolipwa na kueleza kwamba malipo hayo si kukiri zilizobaki. Malipo yasiyo na maelezo yanaweza kuchukuliwa kuwa kukiri deni lote, na katika nchi nyingi huanzisha upya muda wa ukomo wa madai, yaani muda ambao ukipita deni haliwezi tena kudaiwa mahakamani.