Neema mwanangu, kuhusu hiyo safari ya kutoka hotelini

Neema mwanangu,

Salamu nyingi kutoka Kisauni. Sisi wazima. Mama yako goti linamsumbua msimu huu wa mvua, lakini kanisani anafika na kwaya hajaacha.

Ujumbe wako nimeusoma. Unasema wewe na Joel mmeshalipia hoteli ya Montego Bay kwa juma zima, kila kitu ndani: chakula, vinywaji, mpaka michezo ya watoto. Sasa mmeona kuna safari za siku moja, za kundi dogo, zinazowatoa ufuoni na kuwaingiza bara ya Jamaika kuona maisha na historia ya watu, na bei yake ukiizidisha kwa wanne inauma. Unauliza kama inafaa kuongeza pesa hizo, au mtulie baharini na watoto, hasa kwa vile sisi tulishawahi kwenda.

Habari ya pesa siwezi kukujibu vizuri. Bili za huko Halifax, Kanada, mnazijua ninyi. Ninachoweza kukuambia ni vile mtu anavyokwenda kwa watu.

Unakumbuka nilivyokuwa narudi usiku kutoka Bamburi na viatu mkononi. Miaka yote ile niliwahudumia wageni waliofika kwa ndege za kukodi, wakakaa majuma mawili, na barabara ya Malindi hawakuivuka hata mara moja. Mtu ananishika mkono siku ya kuondoka, machozi yanamlengalenga, ananiambia ameipenda sana Kenya. Nami najua kwamba tangu ashuke uwanjani ameona bustani yetu, bwawa letu la kuogelea, na mimi. Sikuwadharau. Mtu aliyefanya kazi kiwandani mwaka mzima ana haki ya kulala juani asisumbuliwe, na mshahara wangu ulitoka mfukoni mwake, na karo yako pia. Lakini mnalijua neno langu: mtu hajafika mahali mpaka amepokewa. Kupokewa na weita aliyelipwa apokee hakutoshi, nami nilikuwa weita.

Halafu niliwaona na wale waliotoka. Gari la hoteli linawapeleka kijijini, ngoma inaanza linapozimwa na inakwisha linapowashwa, watoto wanakimbilia madirishani wakiomba peremende na kalamu. Jioni nawasikia mezani wakisema wameona maisha halisi. Kwa hiyo usidhani nasema kutoka hotelini tu kunatosha. Kuna kutoka ambako afadhali ungebaki.

Haya, Jamaika. Kaka yako Baraka alipotupeleka mimi na mama yako, walitufunga ule ukanda wa plastiki mkononi mlangoni, na mimi nikajiona nimerudi kazini. Vyakula vimepangwa vilevile, hata yale matikiti yaliyochongwa maua. Weita mmoja alipojua nilikuwa mwenzake alikuja kusimama nami baada ya zamu, akaniuliza tumepanga kwenda wapi. Baraka akamtajia maporomoko ya maji na shamba la ramu. Yule kijana akasema, mzee huyu mpelekeni Accompong, kijiji cha milimani.

Ni saa mbili hivi kwa gari, mnaiacha bahari na kupanda mpaka upande wa juu wa wilaya ya St. Elizabeth. Tulikuwa watu kama kumi kwenye gari dogo. Nchi ile inaitwa Cockpit Country, vilima vya mawe ya chokaa vimekaa karibu karibu kama mayai kwenye trei, na katikati yake mashimo yenye msitu. Ukiiona utaelewa kwa nini jeshi la Waingereza halikuweza kuwatoa Maroon humo. Hao ndio waliotoroka utumwani, wengine tangu enzi za Wahispania kabla Waingereza hawajakiteka kisiwa mwaka 1655. Waliitana kwa pembe ya ng'ombe, abeng, inayolia kutoka kilima hadi kilima. Walipigana mpaka Mwingereza akaomba mkataba. Kiongozi wao Cudjoe aliuweka mwaka 1739: watu wake ni huru, na ardhi ekari 1,500 ni yao. Wajukuu wao wako palepale hadi leo, wana mkuu wao wanayemchagua wenyewe na kumwita Kanali, na kila tarehe 6 Januari wanaadhimisha.

Aliyetupokea alikuwa mzee wa rika langu, shati limepigwa pasi, pembe yenyewe ameipachika kwapani. Alitupeleka chini ya mwembe mkubwa wanaouita Kindah, mahali wanapokutana, akaanza kusimulia. Alisimulia vizuri. Wenzetu walipiga picha. Mimi nikawa nangoja kifungu fulani, na hakukitaja.

Kifungu chenyewe ni hiki. Katika mkataba ule Maroon walikubali kwamba mtumwa yeyote atakayetoroka baada ya hapo na kukimbilia kwao, watamrudisha kwa bwana wake. Na waliofanya uasi, watasaidia kuwawinda. Uasi wa Tacky ulipozuka mwaka 1760, walisaidia kuuzima.

Wewe unajua kwa nini nilikuwa nakingoja. Bibi yake babu yangu alishushwa Frere Town, makazi ya watumwa waliokombolewa hapa Kisauni, kutoka jahazi la watumwa lililokamatwa na manowari ya Waingereza, na jina la kwao hakuna aliyelikumbuka. Lakini wa upande wa mama yako hakukamatiwa jahazi na mtu. Yeye alitoroka shamba kwa miguu yake, akafika misheni ya Rabai usiku, na Rabai wakamficha. Mabwana walikuja na silaha kuwadai watoro wao. Wamisheni wenyewe walikuwa wanagawanyika, huyu anasema waficheni, huyu anasema tutavunja sheria za Sultani wa Zanzibar. Mwisho kampuni ya Waingereza ililipa fidia, na mwanzoni mwa 1889 watu zaidi ya 1,400 wakapewa vyeti vya uhuru. Siku zile kabla ya vyeti, mtu mmoja tu wa Rabai angesema "mrudisheni," mama yako asingezaliwa, wala wewe.

Basi nikainua mkono nikauliza. Nikamwambia, mzee, na wale mliowarudisha? Baraka akanifinya. Yule mama wa Kiingereza mbele yetu akageuka kunitazama.

Mzee hakukasirika. Aliketi kwenye mzizi wa ule mwembe, akaweka pembe mapajani, akakaa kimya hata nikadhani hatajibu. Kisha akasema kwamba babu zake walikuwa wamezika watoto msituni kwa zaidi ya miaka themanini, na aliyechoka namna hiyo anatia sahihi. Halafu akaniuliza mimi: na watu wako, wao walikuwa upande gani?

Nikaanza kumweleza Rabai. Nilipofika mahali pa mabwana kuja na bunduki alinisimamisha kwa mkono, akamwita mwanamke aliyekuwa anachoma shelisheli kwenye makaa nyuma ya nyumba. Njoo, alimwambia, njoo umsikilize mtu huyu. Yule mama akaja na kisu mkononi, akasimama. Shelisheli lile lilikuwa la kutulisha sisi, Neema. Lilikuwa limeshageuka jeusi kote nje, linatoa mvuke pale kwenye kikonyo, na harufu yake ni ileile ya kwa shangazi yako Pemba. Mti ule waliletewa kutoka Tahiti mwaka 1793 kwa meli ya Kapteni Bligh ili mabwana wawalishe watumwa kwa bei ndogo. Leo ndio wanaomkaribishia mgeni.

Ndipo dereva akapiga honi. Saa imekwisha, lazima tuondoke.

Nilimwomba dakika kumi. Akasema ratiba ni ya kampuni. Yule mama akasema litakuwa tayari sasa hivi, limenyweni, lileni njiani. Honi tena. Tukapanda gari. Na ratiba hiyo hiyo ikatusimamisha barabara kuu kwenye duka la vinyago na fulana, tukakaa humo zaidi ya nusu saa. Mimi najua duka la namna ile. Nimeona madereva wa Bamburi wanavyopewa kamisheni yao nyuma ya mlango. Nilisimama nje juani, sikununua hata kadi.

Najibizana na nafsi yangu juu ya yule dereva. Ana watoto, mshahara labda haumtoshi, na hoteli inataka wageni warudi kabla ya chakula cha jioni. Ningekuwa yeye ningepiga honi? Pengine ningepiga. Lakini kuna watu wawili waliokuwa wamesimama wakinisikiliza, na mmoja ameacha moto wake kwa ajili yangu, nami nikawapa mgongo katikati ya sentensi. Hiyo haijanitoka. Nikikaa barazani jioni bado namjibu yule mzee. Namwambia watu wangu walikuwa upande wa waliofichwa, na kwamba sijui kama waliowaficha walikuwa bora kuliko babu zake, au walikuwa tu hawajachoka bado.

Mama yako habishani. Kwake kurudisha mtoro ni dhambi, na dhambi haina mkataba. Mimi siku nyingine nakubaliana naye. Siku nyingine nafikiria miaka themanini msituni, na sina la kusema.

Na jambo lenyewe linafika mpaka hapo unapoishi. Mwaka 1795 Maroon wa mji mwingine, Trelawny Town, waligombana tena na serikali ya Jamaika. Wa Accompong walisimama upande wa serikali. Wale wa Trelawny Town waliposalimu amri walihamishwa, na mwaka 1796 meli ziliwashusha Halifax, watu zaidi ya 500, kwenye baridi hiyo. Wanaume walifanya kazi ya kujenga ngome ya juu ya kilima, iliyokuwapo kabla ya hii ya sasa. Ni hapo hapo Citadel mnapowapeleka watoto kusikia mzinga wa saa sita. Wengi wao walikaa Preston. Mwaka 1800 wakapakiwa tena, wakapelekwa Sierra Leone. Kwa hiyo mkienda Accompong hamtakuwa mnakwenda kwa watu msiowajua, na watoto wako wanaweza kuwapelekea habari ambayo pengine mtu wa pale angependa kuisikia: kwamba pale mlimani pangali na kumbukumbu ya ndugu zao. Mkiwapa hiyo mtakuwa mmefika. Mtu hajafika mpaka amepokewa, na mtu hapokewi mikono mitupu.

Sasa, kabla hamjalipa, ulizeni. Atakayewazungusha kijijini ni wa pale pale, au ni mtu wa hotelini aliyekariri? Mtakaa pale muda gani, si muda wa safari nzima, muda wa pale? Chakula cha mchana kinapikwa na nani? Jumuiya inalipwa sehemu gani ya hizo pesa? Na je, lile duka mnaweza kuomba lirukwe? Wakikujibu kwa kuzungukazunguka, utakuwa umejibiwa. Kundi likiwa dogo ni vizuri, gari linapenya na mtu anaweza kuuliza swali, lakini sisi tulikuwa kundi dogo na honi ilipigwa vilevile. Kama ratiba imeandika vituo vitano kwa siku moja, acheni.

Na kama watoto hawatavumilia mwendo, ipo njia nyingine isiyohitaji safari ya mtu. Katikati ya mji wa Montego Bay kuna uwanja wa Sam Sharpe. Chukueni teksi yenye namba nyekundu, hizo ndizo zenye leseni. Sharpe alikuwa mtumwa na shemasi wa Kibaptisti. Aliwapangia watu wagome kazi baada ya Krismasi ya 1831, mgomo ukageuka moto kwenye mashamba, na mwaka 1832 wakamnyonga mjini hapo. Mwaka uliofuata bunge la Uingereza likapitisha sheria ya kukomesha utumwa. Uwanjani pana sanamu yake akiwahubiria watu, na jirani yake kijumba cha mwaka 1806 kinachoitwa The Cage, ambamo watoro walifungiwa wakikamatwa. Tumaini ana miaka tisa, anaweza kusimama pale mkamweleza. Kisha kaeni, nunueni nazi kwa mtu, mwacheni awaulize mnatoka wapi.

Nimesema sitaamua. Likizo ni yenu, na Joel amefanya zamu za usiku mwaka mzima, akitaka kulala ufuoni alale. Bahari yenyewe ni nzuri, sikatai. Lakini Neema, mtoto wa watu wa Rabai na Frere Town kufika Jamaika akaishia getini... Basi. Naacha. Mtaamua wenyewe.

Mkienda, na mkimkuta mzee mwenye pembe, sitaki umpelekee salamu zangu za kubahatisha, labda siye. Muulize tu swali langu kwa namna yako, na ukiulizwa lako lijibu mpaka mwisho, hata dereva akipiga honi.

Mama yako anasema barabara ile ina kona nyingi, mchukue tangawizi kwa ajili ya Tumaini, na mdogo asile sana asubuhi. Anasema pia kuku wao wa kuchoma ana pilipili, waambieni wapunguze.

Baba yako