Maswali ya Wasomaji: Gemu za Zamani Kwenye Kompyuta na Simu

Barua za toleo hili nyingi zimetoka Dodoma mjini na wilaya za jirani, na karibu zote zinauliza jambo moja: namna ya kucheza gemu za kaseti na za PS1 (PlayStation ya kwanza) kwenye kompyuta au simu. Tumechagua zenye matatizo yanayowapata wengi. Kabla ya yote, emuleta ni programu inayoiga mashine ya gemu, na haiji na gemu ndani yake. Ikigoma, anza kukagua mafaili uliyoyaweka kabla hujailaumu kompyuta.

Shikamooni. Nimepakua RetroArch kwenye laptopu, nikaweka gemu ya PS1. Skrini inakuwa nyeusi, halafu inanirudisha kwenye menyu. Rafiki yangu ana laptopu dhaifu kuliko yangu na kwake inacheza. Nimekosea wapi?
*Mwanafunzi wa chuo, Ng'ong'ona*

Marahaba, mdogo wetu. RetroArch yenyewe ni fremu tu. Kazi ya kuiga mashine inafanywa na kore, na kila mashine ina za kwake: kwa mashine za Nintendo, Mesen au FCEUmm kwa NES, Snes9x kwa SNES, Gambatte kwa Game Boy; kwa Mega Drive ya Sega, Genesis Plus GX. Kwa PS1 zipo SwanStation, Beetle PSX na PCSX ReARMed. Unazipata kwa kuingia "Load Core", kisha "Download a Core".

Hapo ndipo wewe na rafiki yako mnapotofautiana, bila shaka. PS1 halisi ilikuwa na BIOS, programu ndogo iliyokaa kwenye chipu na kuiwasha mashine. SwanStation na Beetle PSX haziendi bila faili la BIOS. PCSX ReARMed inayo ya kuigiza ndani yake, kwa hiyo gemu nyingi zitawaka, ingawa baadhi zitakwama katikati au kukataa kuhifadhi. Yaelekea rafiki yako anatumia hiyo.

Faili la BIOS linakaa kwenye folda iitwayo "system" ndani ya folda ya RetroArch. Usiliweke pamoja na gemu. Jina liwe hivi hivi, herufi ndogo zote: scph5500.bin kwa gemu za Japani, scph5501.bin kwa za Marekani, scph5502.bin kwa za Ulaya. Kila moja lina ukubwa wa baiti 524,288 kamili. Likipungua au kuzidi, ni bovu. Windows haijali herufi kubwa na ndogo, lakini Linux inajali, na simu nyingine za Android pia, ndiyo maana SCPH5501.BIN linalofanya kazi kwenye laptopu linaweza lisionekane kabisa kwenye simu. Ukiwa umefungua kore, ingia "Information" kisha "Core Information": utaona orodha ya BIOS inazotaka na kama zipo au hazipo. Angalia hapo kabla hujabadilisha kitu kingine chochote.

BIOS ni mali ya Sony. Njia safi ni kuitoa kwenye PS1 yako mwenyewe, na sisi hatuelekezi kwingine.

Nina CD zangu za PS1 za zamani, nimezihamishia kwenye kompyuta. Nyingine zinacheza bila muziki, nyingine hazifunguki kabisa baada ya kubadilisha majina zikae vizuri.
*Msomaji wa Kikuyu, Dodoma*

Kubadilisha majina ndiko kulikoziua. CD ikihamishwa hutoka na mafaili ya aina mbili: .bin lenye data yenyewe, na .cue ambalo ni maandishi machache ya kuielekeza emuleta. Fungua .cue kwa Notepad utakuta kitu cha namna hii:

FILE "mpira.bin" BINARY
  TRACK 01 MODE2/2352
    INDEX 01 00:00:00

Ukibadilisha jina la .bin likawa "Mpira wa Ulaya.bin", .cue linaendelea kutafuta "mpira.bin", halilikuti, na gemu haiwaki. Rekebisha jina lililo ndani ya alama za nukuu lifanane herufi kwa herufi na la faili, hifadhi, fungua tena. Chunga pia Windows inavyoficha vimalizio: faili unaloliona "mpira.bin" huenda kwa kweli ni "mpira.bin.bin". Washa kwanza kuonyesha vimalizio vya majina.

Muziki unaopotea una sababu ya karibu na hiyo. Baadhi ya gemu za PS1 ziliweka muziki kama nyimbo za kawaida za CD, kuanzia treki ya pili na kuendelea. Ukifungua .bin moja kwa moja, emuleta haijui treki hizo zinaanzia wapi. Fungua .cue daima. Na kama uliinakili CD kwa mtindo wa ISO, nyimbo hazikuja kabisa. Rudia kwa ImgBurn, itakutolea .bin na .cue.

Tunashauri ukishahakikisha gemu inacheza, uigeuze kuwa CHD. Programu ya chdman, inayokuja na emuleta iitwayo MAME, inafanya hivyo kwa amri moja:

chdman createcd -i mpira.cue -o mpira.chd

Unapata faili moja badala ya mawili au ishirini, dogo zaidi, na hakuna data inayopotea. Jina unalibadilisha upendavyo. Kore zote tatu za PS1 tulizozitaja zinasoma CHD. Gemu ya CD mbili au zaidi, tengeneza faili la maandishi lenye kimalizio .m3u, andika jina la kila CHD kwenye mstari wake, kisha fungua hilo .m3u. Gemu ikidai CD ya pili, nenda "Disc Control" kwenye menyu ya haraka: toa, chagua namba, ingiza.

Watoto wanacheza kwenye kompyuta ya mezani. Wanahifadhi ndani ya gemu vizuri kabisa, umeme ukikatika wanakuta wamerudi mwanzo. Wananililia mimi kana kwamba nimeuzima mimi.
*Mama wa watoto watatu, Nkuhungu*

Pole, mama, na watoto wako hawasemi uongo. Wamehifadhi kweli, ila RetroArch imeweka kumbukumbu hiyo kwenye RAM, ambayo hufutika umeme ukizimika. Faili lenyewe, lenye kimalizio .srm, kwa kawaida huandikwa kwenye diski pale gemu inapofungwa kwa utaratibu. Umeme ukienda kabla ya hapo, kazi ya jioni nzima imekwenda nao.

Dawa ipo na haigharimu kitu. Ingia "Settings", kisha "Saving", tafuta "SaveRAM Autosave Interval". Kwenye kompyuta nyingi utaikuta imezimwa. Iweke sekunde 10. Kuanzia hapo kumbukumbu itaandikwa kwenye diski kila baada ya sekunde 10 ikiwa imebadilika, na faili ni dogo (kadi ya kumbukumbu ya PS1 ni kilobaiti 128 tu), kwa hiyo kompyuta haitaelemewa. Ukitoka hapo funga RetroArch kwa kupitia menyu yake ili mpangilio ushike.

Watoto wakubwa kidogo wafundishe na F2, inayopiga picha ya gemu ilipofikia, na F4 inayoirudisha. Hiyo inaandikwa kwenye diski papo hapo. Lakini wasiitegemee peke yake: picha hiyo imefungwa na kore iliyoipiga, na ukibadilisha kore, wakati mwingine hata ukiisasisha tu, inaweza kukataa kufunguka. Kumbukumbu ya ndani ya gemu ndiyo ya kudumu. Na kwa kompyuta ya mezani isiyo na betri, UPS (betri ya akiba) ndogo ya dakika chache za kuzima kwa utaratibu inalinda diski nzima, achilia mbali gemu.

Nina laptopu ya Core i5 ya kizazi cha tatu, RAM GB 4. PS1 inakwenda safi. PS2 kwenye PCSX2 inakwenda vizuri dakika kama kumi, halafu sauti inakatakata na wachezaji wanatembea kama wamechoka. Niongeze RAM?
*Fundi simu, Majengo*

Usinunue RAM kwanza, fundi. Maneno yako "dakika kama kumi" yametuambia karibu yote. Kompyuta isiyo na nguvu ingesuasua tangu mwanzo. Inayoanza vizuri ikachoka baadaye ina joto: prosesa ikifika kiwango chake cha hatari inajipunguzia kasi yenyewe. Na kwa vumbi la Dodoma, hasa miezi ya kiangazi upepo ukivuma, vinyuzi vya shaba na alumini vilivyo mbele ya feni vinaziba mpaka vinafanya utando kama kitambaa.

Ifungue. Usipulize tu kutoka nje, maana utando unarudi nyuma na kukaa palepale. Toa feni, utando uutoe kwa mkono au brashi, ndipo upulize. Shikilia mapanga ya feni yasizunguke wakati wa kupuliza, yakizungushwa kwa kasi yanaharibu beringi. Futa pesti ya zamani ya kupitisha joto kwenye prosesa kwa spiriti, weka mpya kiasi cha punje ya mchele. Usiichezee laptopu juu ya godoro.

Ukishamaliza hapo, ujue PS2 ni mzigo wa aina nyingine. Prosesa ya PS1 ilikwenda megahezi 33.8688, ya PS2 ilikwenda 294.912, ikisaidiwa na vitengo viwili vya mahesabu na chipu ya picha, vyote vikifanya kazi kwa wakati mmoja na kusubiriana. PCSX2 inapaswa kuviiga vyote bila kimoja kuchelewa, na inachotegemea zaidi ni kasi ya kiini kimoja kimoja cha prosesa, wala si wingi wa RAM. Kwa laptopu yako acha ukubwa wa picha kwenye "Native", usiongeze hata mara moja, na uchague Direct3D 11 kwa sababu picha ya Intel ya kizazi cha tatu haina Vulkan kwenye Windows. Chomeka chaja, weka umeme kwenye utendaji wa juu. Gemu nyepesi zitakwenda. Zile nzito hazitakwenda, na hakuna mpangilio utakaozibadilisha. Usipoteze usiku wako kwa hizo.

Gemu yangu ya mpira inakwenda taratibu na ina mistari myeusi juu na chini. Kaka anasema kompyuta ni mbovu.
*Mwanafunzi wa sekondari, Kongwa*

Kompyuta yako nzima. Hiyo ni nakala ya Ulaya, iliyotengenezwa kwa tivi za PAL zenye picha 50 kwa sekunde. Ya Marekani au Japani ina 60. Watengenezaji wengi hawakujali kurekebisha mwendo, kwa hiyo gemu inakwenda pungufu kwa karibu asilimia 17. Ilikuwa hivyo hata kwenye mashine halisi.

Padi yangu ya USB ya bei rahisi, zile zinazofanana na za PS2, haionekani kwenye RetroArch.
*Msomaji wa Manyoni*

Ingia "Settings", "Drivers", kwenye kidhibiti cha padi badilisha kutoka xinput kwenda dinput, funga programu na uifungue upya. Padi hizo haziongei lugha ya Xbox. Kisha bonyeza kitufe cha ANALOG cha katikati mpaka taa nyekundu iwake *kabla* hujaanza kupanga vitufe. Ukipanga taa ikiwa imezimwa, mishale inasomeka kama kijiti, na siku taa ikiwaka kila kitu kitavurugika. Kwa sasa unaweza kutumia kibodi: mishale, Z na X, Enter ni Start, Shift ya kulia ni Select.

Nataka kufungua kibanda cha gemu kwa kompyuta mbili. Emuleta ni halali?
*Kijana wa Mpwapwa*

Emuleta ndiyo. Huko Marekani Sony iliishitaki kampuni ya Connectix kwa kutengeneza emuleta ya PS1, na mwaka 2000 mahakama ya rufaa ikaipa Connectix haki. Gemu ni habari nyingine: Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inalinda programu za kompyuta, na kuzikodisha kwa hela bila ruhusa ya mwenye mali ni kujitafutia kesi. Anza na zilizotolewa bure na watengenezaji wenyewe, kama Tobu Tobu Girl ya Game Boy, na kila gemu usome masharti yake kuhusu biashara kabla hujaiweka.

Nimeunganisha kompyuta na tivi ya chogo kwa konveta. Picha imekuja lakini haina rangi.
*Msomaji wa Chang'ombe, Dodoma*

Umevuka sehemu ngumu, kaka, maana wengi hununua konveta ya upande usio sahihi. Inayotakiwa imeandikwa HDMI2AV; AV2HDMI ni kinyume chake na haitafanya kazi hata ufanyeje. Ubavuni mwa kiboksi pana swichi ndogo yenye PAL (mfumo wa tivi za Ulaya) na NTSC (wa Marekani na Japani). Picha yenye mwanga mzuri lakini nyeusi na nyeupe ina maana konveta inatoa mfumo ambao tivi yako haiuelewi rangi zake. Isogeze upande wa pili. Picha ikianza kupotea na kurudi, chomeka waya wa USB wa konveta kwenye chaja ya simu ya volti 5 badala ya kuutegemea umeme wa HDMI peke yake, na uhakikishe waya wa njano umekaa kwenye tundu la njano; ukiuingiza kwenye jeupe au jekundu utasikia mngurumo na huoni kitu.