Luxor na Aswan: kwenda kwa gari, kurudi kwa meli, na swali nililosahau kuuliza

Tangu niwaonyeshe watu picha za Misri, kila mmoja ananiuliza jambo lile lile: meli ya Naili ni ya siku ngapi? Hata mimi ndilo nililouliza nilipokuwa nalipia, na nikajibiwa vizuri kabisa. Nilichosahau kuuliza ni hiki: katika siku hizo, meli itatembea saa ngapi za mchana, na mchana huo itakuwa inapita wapi?

Nilisafiri na shangazi yangu, mwalimu mstaafu wa jiografia, mzaliwa wa Mwanza kama mimi. Amechora Mto Naili ubaoni kwa chaki miaka na miaka, lakini kuuona kwa macho aliishia pale Jinja unapotoka ziwani. Safari ilikuwa yake. Mimi nilikuwa mbeba mabegi na mshika tiketi. Kuna siku nilijitapa mbele ya wenyeji kwamba maji haya yametoka kwetu. Akanivuta pembeni: "Mwanangu, usitutie aibu. Maji mengi hapa ni ya milima ya Ethiopia. Sisi tumechangia tu."

Mpango wetu ulikuwa hivi. Ndege kutoka Kairo hadi Luxor, siku mbili za Karnak na Bonde la Wafalme, halafu gari la kukodi hadi Aswan, kisha turudi Luxor kwa meli, kulala mara tatu. Kati ya miji hiyo miwili ni kama kilomita 220. Treni inazimaliza kwa saa tatu na ushee, gari saa nne bila kusimama. Meli inazifanya siku nne kwa hesabu ya kwenye karatasi, na sehemu kubwa ya siku hizo iko gatini imefungwa kamba.

Kabla hujalipa chochote, elewa kwanza mto unavyokwenda. Naili unateremka kwenda kaskazini, kwa hiyo Aswan ndiyo juu na Luxor ndiyo chini, ingawa kwenye ramani ya ukutani unaona kinyume. Upepo nao karibu mwaka mzima unatoka kaskazini. Mtu wa pwani ataelewa haraka: huko ni kaskazi tu, kusi hakuna. Ndiyo maana mashua zao, feluka, zinapandisha tanga zikienda kusini, na zikirudi zinaachia mkondo uzibebe. Hata katika maandishi yao ya kale, kwenda kusini kulichorwa chombo chenye tanga, na kwenda kaskazini chombo kisicho na tanga.

Meli za kitalii zina injini, hazijali upepo, ila ratiba bado zinafuata tabia hiyo ya mto. Kutoka Aswan kwenda Luxor, kwa mkondo, kwa kawaida wanauza safari ya kulala mara tatu. Kutoka Luxor kupanda Aswan ni kulala mara nne. Mimi nikaona tatu ni nafuu kuliko nne, nikalipa.

Sasa sikia kilichotokea. Tuliondoka Aswan saa saba na nusu mchana. Jioni tukafunga Kom Ombo. Saa mbili usiku meli ikang'oa tena, watu wakiwa mezani, na tulipoamka tulikuwa gatini Edfu. Shangazi akatoka sitahani na kikombe cha chai, akaangalia kushoto, akaangalia kulia, akauliza: "Silsila iko wapi?"

Gebel el-Silsila ni mahali mto unapobanwa na miamba ya mchanga pande zote mbili, kati ya Kom Ombo na Edfu. Hapo ndipo yalipochimbwa mawe ya mahekalu mengi, Karnak likiwamo, na alama za patasi ziko ukutani mpaka leo. Meli kubwa hazisimami hapo, ila ukiwa sitahani mchana unapita katikati ya machimbo yenyewe. Sisi tulipita tukiwa mezani, nje giza totoro. Mwalimu aliyesubiri maisha yake yote kuuona mto alilishwa pudingi wakati sehemu yake nyembamba inapita dirishani. Hakunisema. Alinyamaza tu, na kwa wanaomjua shangazi, hiyo ni mbaya zaidi.

Kwa hiyo, kama una nafasi ya kuchagua, fanya kinyume changu: panda meli Luxor, ulale mara nne, kisha rudi kwa gari au treni. Kwa ratiba zilizozoeleka, meli zinazopanda zinatoka Edfu mchana na kufika Kom Ombo magharibi inapoingia, yaani miamba ile unaipata kwenye jua la alasiri. Usiliamini neno langu pia. Mwambie wakala akuandikie: tunang'oa saa ngapi, tunafunga saa ngapi, kila kituo. Akianza kukusifia bwawa la kuogelea, rudia swali.

Barabara haikuniangusha, na sitaki mtu aidharau. Kuna wanaofanya gari kama adhabu ya katikati: funga macho, fika, panda meli. Sisi tulitoka Luxor saa moja asubuhi tukaingia Aswan saa kumi jioni, na siku hiyo ilikuwa na mambo mengi kuliko siku yoyote ya meli. Siri ni kusimama pale ambapo meli haisimami. Mahekalu ya Edfu na Kom Ombo yamo kwenye safari ya meli, usiyalipie mara mbili. Simama El Kab, kama kilomita 80 kusini ya Luxor. Kuna makaburi yaliyochongwa kwenye mwamba juu ya barabara, na siku yetu tulikuwa peke yetu na mlinzi mwenye ufunguo. Moja ni la Ahmose mwana wa Ebana, askari wa vyombo vya majini wa zaidi ya miaka 3,500 iliyopita, aliyeandikisha ukutani vita vyote alivyopigana na zawadi zote alizopewa. Anajisifu kama mzee yeyote wa kijiweni. La jirani, la Paheri, lina picha za kulima, kuvuna na kupakia nafaka kwenye mashua. Shangazi alikaa humo mpaka dereva akaja kuuliza kama kuna mgonjwa.

Kabla ya hapo simama Esna. Hekalu la Khnum, mmoja wa miungu yao ya kale, limo ndani ya shimo la mita tisa hivi katikati ya mji. Nyumba na maduka yako juu yake, unashuka ngazi kama unaingia kisimani. Tangu 2018 wataalamu wa Misri na Ujerumani wamekuwa wakisafisha masizi ya karne nyingi kutoka kwenye dari na nguzo, na rangi zilizotoka chini yake, bluu, nyekundu, manjano, utadhani zimepakwa juzi.

Barabara yenyewe inapita vijijini: matuta kila baada ya dakika chache, vizuizi vya polisi, punda, na miwa, miwa, miwa. Paspoti iwe karibu. Kama tumbo lako halipendi matuta, iko njia ya jangwani, nyoofu na ya haraka, lakini haina cha kutazama.

Aswan mpe angalau siku mbili kabla ya meli. Abu Simbel, penye mahekalu ya Farao Ramses, iko mbali zaidi kusini, karibu kilomita 280 za jangwa, magari yanaondoka saa kumi alfajiri, na hiyo pia ni safari ya barabarani. Chukua mto na blanketi la hotelini (kwa ruhusa). Mahekalu yale yalikatwa vipande na kupandishwa juu kati ya 1964 na 1968 ili yasimezwe na ziwa la Bwawa Kuu la Aswan. Nilipoona sanamu za Ramses nikiwa na usingizi wa saa tatu nilijiuliza kama zimenikasirikia.

Turudi melini. Chumba usichukue cha chini kabisa, hata kwa punguzo. Dirisha liko karibu na maji, jambo zuri mkiwa mnatembea, lakini mkifunga gatini meli zinapangwa ubavu kwa ubavu, nne, tano, hata sita, na kwenda nchi kavu unakatiza kwenye kumbi za mapokezi za meli za watu. Kwetu, Edfu, nilifungua pazia nikakutana uso kwa uso na mzungu wa meli ya jirani anapiga mswaki. Tulipungiana mkono. Moshi wa jenereta za jirani pia unaingia huko chini. Omba chumba cha juu, upande wa mbele, mbali na injini.

Bakshishi ipange mapema. Mwisho wa safari kuna bahasha ya wafanyakazi, na njiani kuna mlinzi, mbeba mzigo, mtu wa chooni. Vunja noti zako za paundi za Misri ziwe ndogo ndogo. Ila kwenye milango ya mahekalu mengi tulidaiwa kadi ya benki, pesa taslimu hawakutaka, kwa hiyo kadi inayofanya kazi nje ya nchi ni lazima. Cheti cha homa ya manjano kaa nacho pamoja na paspoti. Na usiende Juni hadi Agosti. Aswan inapita nyuzi 40 bila kujitahidi. Januari mchana ni mtamu, usiku sitahani utatafuta sweta.

Edfu, gari la farasi kutoka gatini hadi hekaluni, patana bei ya kwenda na kurudi kabla ya kupanda, na lipa ukisharudi. Sisi tulilipa yote mwanzoni. Tulirudi kwa miguu.

Halafu kuna jambo ambalo hakuna wakala atakuambia, kwa sababu hawajui Kiswahili: wewe tayari unaweza kupatana bei kwa Kiarabu. Sita, saba, tisa. Ishirini, thelathini, arobaini, hamsini, sitini mpaka mia na elfu. Yanatamkwa kwa lafudhi tofauti kidogo, lakini mchuuzi anakuelewa. Na una maneno mawili yanayotosha soko zima: ghali na rahisi.

Shangazi aliligundua hilo Esna, mchana wa siku ya tatu. Hapo kuna bwawa, na meli zinapanga foleni kuingia kwenye lango la maji, chumba kirefu cha zege ambamo maji yanapunguzwa meli ishuke ngazi ya pili ya mto. Wakati mnasubiri, wachuuzi wanakuja kwa mashua za makasia, wanajifunga kamba ubavuni mwa meli, na kuanza kurusha nguo zilizofungwa kwenye mifuko ya plastiki hadi sitaha ya juu, ghorofa nne nzima. Hawakosei. Ukitaka, unatia pesa kwenye mfuko na kuurusha chini. Hutaki, unarudisha mzigo. "Mama! Africa! Hakuna matata!" kijana mmoja alipiga kelele, na kanzu ya bluu ikatua miguuni mwa shangazi.

Akataja mia sita. Shangazi akashika reli, akainama, akatoa ile sauti ya darasani: "Ghali!"

Kijana akaduwaa. "Ghali?"

"Ghali sana. Mia na hamsini."

Akacheka mpaka mwenzake mwenye makasia akageuka kutazama. Mia nne. Shangazi, mia na sitini. Kijana akaapa kwa Mungu, shangazi naye akaapa. Watalii wengine wakaacha viti vyao wakaja kusikiliza. Wakati huo meli ilikuwa imeanza kusogea, lango liko mbele, mashua ikivutwa pamoja nasi, na bei ikishuka kadiri kuta za zege zinavyokaribia. Walikubaliana mia mbili. Mfuko ukashuka na noti ndani, kijana akaudaka kwa mkono mmoja, akabusu noti, akafungua kamba.

Tulipoikunjua chumbani, kanzu ilikuwa ya mtoto wa miaka kumi.