Kalenda ya hisia ihesabiwe kwa miongo

Umeuliza kalenda yako ya kubuni, yenye majira ya hisia za watu wa Tanga (Hofu, Furaha, Subira), uihesabu kwa nini. Kwa miongo, yaani mafungu ya siku 10. Ukiiweka juu ya mwezi mwandamo itakuharibikia: mwaka wake ni siku 354 hivi, unarudi nyuma kama siku 11 kila mwaka, na baada ya miaka michache Hofu ya bahari ya kusi (upepo mkali wa kusini) itaangukia maleleji, kipindi cha kati ya pepo, maji yamelala.

Wazee wa pwani walihesabu mwaka wa Nairuzi, mwaka wa jua wa Waswahili, kwa miongo 36 ya siku 10, kisha siku 5 za kufunga mwaka ziitwazo gatha: 365. Hizo 5 zipe Msamaha, zinastahili kabisa. Makunduchi, Unguja, hadi leo wanaume hupigana kwa migomba Siku ya Mwaka ili kinyongo kiishe.

Furaha ya wavuvi wa dagaa usiifanye mwezi. Hiyo hufuata giza: taa zikivuta samaki mifuko inajaa, mbalamwezi ikitoka vyombo vinapumzika. Iache izunguke peke yake kila siku 29 na nusu juu ya miongo.

Ila Nairuzi haina mwaka mrefu wa siku 366, kwa hiyo husogea siku 1 kila miaka 4. Ongeza gatha ya sita mwaka wa nne.