Namwota Mama Akilia: Je, Anaadhibiwa Kaburini?

SWALI: Assalamu alaykum ustadh. Niko Eastleigh. Mama alifariki kabla ya Ramadhani, nami nilikuwa miongoni mwa waliomuosha. Tangu hapo namwota amelowa maji, anatetemeka na kulia. Mfasiri wa ndoto niliyempata mtandaoni ananiambia mama anaadhibiwa, nitume shilingi 15,000 za mbuzi wa kumwokoa. Anasema maiti yuko nyumba ya haki, hasemi uongo. Nitume?

JIBU: Wa alaykumu salaam. Usitume hata senti moja, dada yangu, na Mwenyezi Mungu amrehemu mama yako.

Mambo ya kaburini ni ghaibu. Huyo bwana nani kamfunulia? Hoja yake haisimami. Si kila unayemwona ndotoni ndiye mwenyewe. Mtume (s.a.w.) amesema anayemwota yeye amemwona kweli, kwa kuwa shetani hawezi kujifananisha naye. Hiyo ni heshima yake Mtume. Hakuna hadithi iliyompa mama yako, wala wangu. Kisha soma tena ulichoandika: mama hakusema neno, alilia tu. Habari ya adhabu kaileta mfasiri.

Katika hadithi ya sahaba Abu Hurayra iliyomo katika mkusanyo wa Imam Muslim, ndoto ni tatu: bishara kutoka kwa Mwenyezi Mungu, huzuni anayoitia shetani, na yale mtu anayojizungumzia nafsini. Hilo la tatu mfasiri wako hakuligusa kabisa. Wewe umemmiminia mama maji kwa mikono yako na mwili umeshapoa. Nafsi itasahau vipi? Wanasaikolojia nao wanajua kwamba waliofiwa huwaota sana wapendwa wao. Sikati kwamba ndivyo, lakini hili lina dalili, lake halina.

Wafasiri wa namna hii hujificha nyuma ya jina la Ibn Sirin, mwanachuoni wa kale anayesifika kwa kufasiri ndoto, aliyefariki mwaka 110 Hijria. Imepokewa kwamba yeye akiulizwa ndoto humwambia mtu amche Mungu akiwa macho, na aliyoyaona usingizini hayatamdhuru.

Ukishtuka usiku, jikinge kwa Mwenyezi Mungu na shetani mara tatu, tema mate mepesi kushoto mara tatu, geukia ubavu wa pili, wala usiisimulie. Kama mama aliacha deni, hizo pesa zianzie hapo. Zikibaki mtolee sadaka, maana Mtume aliulizwa juu ya mama aliyekufa ghafla, akasema sadaka ya mwanawe inamfaa.

Usingizi ukizidi kukosekana, mwone mshauri nasaha hospitalini. Si upungufu wa imani. Na uwatembelee kina mama mliomuosha nao, mzungumze siku ile ilivyokuwa. Umeibeba peke yako muda mrefu.