Ninga si sukari

SWALI: Mwalimu, mimi huongoza watalii hapa Malindi. Nimechora ubao wa ndege wa pwani na visiwa vyake, nikaandika: "Ninga ya Pemba ni mojawapo ya ndege zinazopatikana Pemba pekee." Mwenzangu anashikilia kuwa ni "ninga wa Pemba". Nani yuko sawa?

JIBU: Mwenzako. Ninga ana roho, anakula, anaruka. Basi ni "ninga wa Pemba", tena "mmojawapo wa ndege". Nadhani kilichokuponza ni kusikia "kuku zangu" na "mbuzi zetu", na hayo ni Kiswahili safi. Lakini ruhusa hiyo ni ya kumiliki tu. Kuku zangu wanataga. Hawatasemwa "zinataga" hata wakijaa banda.

Hayo yamekwisha. Sasa niache nigombane na neno ambalo nyote wawili mmelipita bila kulitupia jicho: "zinazopatikana".

Asili yake haina siri: pata, patika, patikana. Kinachopatikana ni kile mtu alichokihitaji, au kilichompotea. Sukari inapatikana dukani. Mtoto aliyepotea sokoni amepatikana. Hata yule bibi wa kwenye simu, anayetuarifu kila siku kwamba mteja hapatikani kwa sasa, asemalo ni sawa, maana tumemtafuta mtu tukamkosa. Lakini huyu ninga nani kampoteza? Yuko kwao, katika msitu wa Ngezi, anakula matunda yake, na alikuwako zamani sana kabla Mwingereza Pakenham hajamwingiza katika vitabu vya sayansi mwaka 1940. Hebu nenda Lamu ukamuulize kijana nyanya yake yuko wapi. Akikujibu "Nyanya anapatikana Mkomani", wapita njia watadhani bi mkubwa anauzwa, au polisi wanamsaka.

Na maradhi haya yameenea! Simba anapatikana Tsavo, kiboko anapatikana mtoni, mikoko inapatikana Lamu. Siku moja tutaambiwa samaki anapatikana majini. Simba huishi Tsavo, bwana. Kiboko hukaa mtoni. Mikoko humea. Vitenzi hivi vimekosa nini hata vifukuzwe kazi vyote kwa ajili ya kimoja chenye harufu ya duka?

Wazee wa Lamu wana njia yao ya kukwepa matata haya. Kwao, mwenye mbawa na manyoya ni nyuni. Ndege ni ile inayotua kiwanjani Manda. Hiyo, naam, inapatikana, ukiwa na nauli.

Pahala pamoja nitalegeza kamba. Ninga ana rangi ya majani, na huyu wetu wa bara, ndugu yake yule wa Pemba, akitulia juu ya mkuyu kule msitu wa Arabuko-Sokoke unaweza kusimama chini yake usimwone. Mgeni wako akikodoa macho mpaka shingo imuume, kisha akamwona, paza sauti: "Amepatikana!" Hapo sitakusahihisha.

Ubaoni andika: "Ninga wa Pemba huishi Pemba tu." Ni maneno sita mahali pa kumi, na rangi itakayobaki mpe mwenzako.